Meja Notcutt, Sinema ya Vugiri, na Neno Mbiru

Reli ya kutoka Tanga kwenda Moshi, ambayo ilimalizika mwaka 1911, yapita chini ya safu mbili za milima zilizo jirani. Msafiri aliyeiacha Korogwe huiona Usambara mkono wake wa kuume. Akivuka Mkomazi huanza kuiona milima ya Upare, na kati ya milima ya Upare ya Kusini na ile ya Kaskazini hufika Same, mji uliokuwa makao ya serikali ya wilaya katika zama za Waingereza. Mambo mawili yaliyotokea katika milima hiyo, moja Usambara na la pili Upare, hayajazoeleka kutajwa pamoja. La kwanza ni utengenezaji wa filamu huko Vugiri, juu ya Korogwe, kati ya mwaka 1935 na 1937. La pili ni ugomvi wa kodi iliyoitwa mbiru, ulioleta maelfu ya watu Same mwezi wa Januari 1945. Wanahistoria wa sinema wamelitazama la kwanza, na wanahistoria wa Upare wamelitazama la pili. Makala haya yanakusudia kuyaweka pamoja, kwa kuwa yote mawili yanahusu swali moja ambalo ni la lugha kadiri lilivyo la utawala: je, kusema na watu kwa lugha yao ni sawa na kuongea nao?

Mtu aliyeongoza kazi ya Vugiri ni Meja L. A. Notcutt. Yeye hakulelewa katika sinema. Alikuwa msimamizi wa mashamba ya mkonge katika Afrika ya Mashariki, na kwa maelezo yake mwenyewe fikira ya filamu ilimjia mwaka 1926, alipotafuta njia ya kuwafanya vibarua wake waridhike na maisha ya kambini. Jambo hili lataka kufahamika vizuri. Mashamba ya mkonge yalikuwa na njaa ya watu siku zote. Wafanya kazi wengi waliletwa kutoka mbali kwa mkataba, nao wakaitwa manamba. Wengine walifanya kazi kwa kipande, yaani kadi ya siku thelathini ambayo mtu huijaza pole pole, leo akienda na kesho akilala. Msimamizi aliyeweza kuwafanya watu wapende kukaa alikuwa na faida kubwa kuliko mwenziwe. Basi sinema iliingia katika fikira za Notcutt kama kitu cha kumtuliza kibarua. Baadaye tu ndipo ilipokuwa chombo cha kumfundisha.

Fikira ya kufundisha ililetwa na watu wengine. Mwaka 1932 J. Merle Davis, wa idara ya uchunguzi wa Baraza la Kimataifa la Misioni, aliongoza uchunguzi wa hali ya wafanya kazi katika migodi ya shaba ya Rhodesia ya Kaskazini, nchi ambayo leo ni Zambia. Kitabu kilichotokana na safari hiyo kilitoka mwaka 1933. Davis aliona kwamba vijiji vilikuwa vikitikiswa na viwanda, na ya kuwa watu wasiojua kusoma walihitaji njia nyingine ya kupewa maarifa mapya. Shirika la Carnegie la New York likatoa fedha, serikali za nchi husika zikasaidia, na mwaka 1935 kazi ikaanza kwa jina ambalo kwa Kiswahili twaweza kuliita Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Davis alikuwa mkuu wake. Notcutt alishika utengenezaji wa filamu, na G. C. Latham, aliyekuwa zamani mkurugenzi wa elimu ya Waafrika katika Rhodesia ya Kaskazini, akashika upande wa elimu. Makao yakawa Vugiri.

Katika muda wa miaka miwili zilitengenezwa filamu thelathini na tano. Kwa watu wachache wenye vyombo vichache, hesabu hiyo si ndogo. Ilibidi kutafuta njia ya rahisi. Sinema za mijini zilitumia filamu ya upana wa milimita 35. Vugiri walitumia ya milimita 16, ambayo ni nyepesi na ya bei nafuu. Picha zilipigwa bila sauti, na maneno yakatiwa katika santuri. Penye maonyesho, mashine ya picha na mashine ya santuri ziliendeshwa pamoja, na umeme ulitoka katika mtambo uliochukuliwa ndani ya lori. Faida ya mpango huu ni dhahiri: picha zilikuwa zile zile, lakini santuri ingeweza kubadilishwa. Filamu moja iliweza kusema Kiswahili hapa, na kule ikasema lugha nyingine ya Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland au Rhodesia ya Kaskazini. Hasara yake ilikuwa dhahiri pia. Filamu ikikatika na kuungwa, vipande vya picha hupotea, lakini santuri haipotezi neno; kuanzia hapo picha hutangulia na maneno hufuata nyuma. Mtu huonekana ameshafika nyumbani, hali santuri ingali ikimwambia aanze safari.

Mambo yaliyoonyeshwa yalichaguliwa na watawala, waalimu na waganga: safura, malaria ya watoto wachanga, magonjwa ya ng'ombe, mmomonyoko wa udongo, kilimo cha chai, mbegu bora. Hata hivyo Notcutt alijua kwamba mafundisho matupu hayamweki mtu chini usiku. Kwa hiyo zilikuwako pia hadithi, na mojawapo ilikuwa ile ya Sungura na Chui, ambao kila mtoto wa nchi hizi awajua. Waigizaji walikuwa Waafrika wenyewe. Filamu ya Benki ya Posta yaonyesha jinsi mtungaji huyu alivyojenga hadithi zake: wafanya kazi wawili wapokea mshahara, mmoja aweka fedha posta, wa pili azifukia chini, mwizi aja, azifukua, aenda zake. Ni umbo la ngano za kale zenye ndugu wawili, mwerevu na mjinga, na mwisho ulio wazi kabla ya hadithi kufika katikati. Msikilizaji hapewi nafasi ya kuuliza kwa nini mshahara ulikuwa mdogo hata ukaweza kufukiwa katika shimo moja.

Kati ya filamu hizo imo moja iliyoitwa Kodi. Shabaha yake ilikuwa kueleza kwamba fedha anayotoa mtu kila mwaka hairudi hewani, bali hutumika kwa faida ya watu. Filamu hii yatupeleka katika jambo la lugha. Kwa Kiingereza jina lake lilikuwa neno moja tu. Kiswahili hakikuwa na neno moja lenye kufunika mambo yote hayo. Kulikuwa na ushuru, uliotozwa juu ya bidhaa bandarini na sokoni. Kulikuwa na hongo, ambayo misafara ya bara ilitoa kwa watawala ili ipite, na ambayo siku hizi maana yake imegeuka kuwa rushwa. Kulikuwa na ada, iliyotolewa kwa desturi. Na kulikuwa na kodi, neno ambalo hata leo ni la mpangaji na mwenye nyumba. Wajerumani walipotoza kila nyumba kuanzia mwaka 1898, neno kodi lilivutwa likabeba mzigo mpya: kodi ya nyumba, na baadaye kodi ya kichwa. Mtu aliyesikia neno hilo kwa masikio ya zamani angeweza kuuliza: nyumba nimeijenga mwenyewe, kichwa nimezaliwa nacho, ni nani basi aliyenipangisha? Swali hilo halikuwa la kijinga. Lilikuwa limo ndani ya neno lenyewe.

Ni vema kukumbuka ya kuwa miaka hiyo ndiyo Kiswahili sanifu kilipokuwa kikitengenezwa. Kamati ya Lugha ya nchi za Afrika ya Mashariki iliundwa mwaka 1930, na kamusi iliyosimamiwa na Frederick Johnson ilitoka mwaka 1939. Kazi ya Vugiri ilifanywa katikati ya tarehe hizo mbili. Kamati ilikuwa ikiuliza neno lipi liandikwe na liandikwe namna gani. Watu wa Vugiri walikuwa wakiuliza neno lipi litafahamika likitoka katika pembe ya santuri, mbele ya umati uliokaa gizani. Haya ni maswali tofauti. Msomaji asiyefahamu neno aweza kurudi nyuma; msikilizaji wa santuri hawezi. Kwa sababu hiyo wenye kufasiri maneno na kuyasema walishika kazi kubwa kuliko inavyodhaniwa. Picha ya mtu anayelipa fedha haisemi kama alipa kwa hiari au kwa hofu; mwenye kuisema ni yule aliyechagua kitenzi, ama alitoa, ama alitozwa. Hata hivyo kitabu kilichotolewa mwaka 1937 kueleza Jaribio lote chabeba majina mawili katika jalada lake, la Notcutt na la Latham. Waliochagua vitenzi hawamo katika jalada.

Magari ya Jaribio yalisafiri mwendo wa maelfu ya maili katika nchi tano, na watu wengi waliona picha zikitembea kwa mara ya kwanza. Lakini mwaka 1937 fedha za Carnegie zilikwisha, na serikali za nchi hizo hazikukubali kuubeba mzigo peke yao. Vugiri ikafungwa. Vita vilipoanza mwaka 1939, Serikali ya Uingereza iliunda Idara ya Filamu ya Makoloni, na uongozi wa kutengeneza filamu ukawa mikononi mwa William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya afya na sinema Nigeria. Sellers alishika mafundisho ya kwamba mtazamaji wa Kiafrika ahitaji picha za polepole, zisizo na hila za kuruka mahali na wakati. Notcutt na Sellers hawakukubaliana katika kila jambo, lakini wote wawili waliuliza swali la upande mmoja: mtazamaji ataelewaje? Hawakuuliza mtazamaji atajibuje.

Sasa tupande upande wa pili wa Mkomazi. Katika Upare, kama mahali pengine katika Tanganyika, watu walilipa kodi ya kiwango kimoja. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 maofisa wa wilaya pamoja na machifu walipatana kuongeza kodi nyingine, ambayo kila mtu angeitoa kwa kadiri ya mali yake. Katika karatasi, mpango huo waonekana wa haki: mwenye vingi atoe vingi, mwenye vichache atoe vichache. Nao ulipewa jina la kienyeji. Uliitwa mbiru, neno la Chasu lililotaja kitu ambacho zamani watu walimtolea mtawala wao. Waliolichagua walitumaini kwamba jina la zamani lingelifanya jambo jipya lionekane ni la nyumbani.

Mbinu hiyo ni ile ile ya Vugiri. Ujumbe watoka ofisini, kisha huvikwa mavazi ya lugha ya watu, kama Sungura na Chui walivyoingizwa katika orodha moja na safura na kodi. Lakini neno si kanzu ambayo kila mtu aweza kuivaa. Mbiru ya zamani ilikuwa katika mapatano ya mtawala na watu wake, naye alikuwa na wajibu wake kwao. Mbiru mpya ilibakiza sauti ya neno, na wajibu ule haukufuata. Wazee walioijua maana ya kwanza ndio hasa walioweza kuona kwamba ya pili si yake. Hapo lugha ya wenyeji, iliyokusudiwa kuwa pazia, ikawa taa.

Tena palikuwa na shida ya kupima. Mali ya mtu wa Upare haikukaa mahali pamoja ili ihesabiwe. Alikuwa na migomba mlimani, pengine na kahawa. Alikuwa na shamba lingine chini tambarare. Ng'ombe wake wengine walikuwa wamewekwa kwa rafiki au shemeji. Na mashamba yake yalitegemea zamu ya maji ya ndiva, bwawa la kienyeji ambalo watu huligawana kwa utaratibu wao. Ni nani angeijua mali hiyo yote, na ni nani angempima mpimaji? Jirani aliyeketi katika kupima mali ya jirani yake alikuwa pia mdai wake, au mkwe wake, au adui yake wa mpaka. Kodi ya kiwango kimoja ilikuwa nzito kwa maskini, lakini angalau haikuingia nyumbani kwa mtu kumhesabia mbuzi.

Mwezi wa Januari 1945 wanaume kwa maelfu waliteremka milimani, wakaenda Same kuonana na mkuu wa wilaya. Hawakuja kwa vita. Walikuja kuuliza na kungoja jibu, na walipokosa jibu la kuwatosha walikaa. Mmoja wa viongozi wao alikuwa Paulo Mashambo. Ugomvi uliendelea kwa miezi mingi, na wanawake, hasa wa Usangi, waliuingia kwa nguvu zao. Katika maandishi ya historia imesimuliwa kwamba walimwambia mkuu wa wilaya achague moja: ama aumalize ugomvi ili waume zao warudi majumbani, ama yeye mwenyewe awe mume wao wote. Maneno hayo si matusi tu. Kwa watu ambao nyumba yao husimama kwa kazi ya wawili, yalikuwa hesabu iliyofanywa kwa usahihi, nayo ililetwa kwa mtu aliyesema kwamba yeye ajua kuhesabu mali. Mwaka 1947 mbiru iliachwa, na kodi ya kiwango kimoja ikarudi. Isaria Kimambo, mwanahistoria aliyezaliwa Upare, aliandika habari za ugomvi huu katika kitabu kilichotoka mwaka 1971, na tangu hapo mbiru imechukua maana ya tatu. Leo mtu akilitaja neno hilo katika masomo ya historia, hakusudii kile alichotolewa mtawala wa kale wala kodi ya Waingereza, bali uasi ulioishinda kodi hiyo.

Si kwamba filamu ya Kodi ilihusika na ugomvi wa Upare. Ugomvi ulikuwa na chanzo chake. Lakini ugomvi huo waonyesha mpaka wa sanaa ya Notcutt kuliko hukumu yoyote ya wachambuzi wa sinema. Filamu yake ilikuwa jibu kwa swali moja: fedha za kodi huenda wapi? Watu wa Same hawakuuliza swali hilo. Waliuliza: nani apimaye, kwa kipimo gani, na kwa idhini ya nani? Santuri haiwezi kuulizwa. Waweza kuibadilisha iseme Kiswahili leo na Chasu kesho, lakini katika lugha zote mbili itasema lile lile ililotiwa, na mwisho wake ni ukimya.

Yafaa pia kumtendea haki Notcutt. Aliamini kwamba mkulima asiyejua kusoma anastahili kuelezwa mambo kwa lugha anayoifahamu, wakati ambapo wengi waliona amri yatosha. Alitumia waigizaji wa Kiafrika katika nchi ambayo sinema zake za mijini zilijaa filamu za kigeni. Kasoro yake haikuwa ya moyo wala ya vyombo. Ilikuwa katika kudhani kwamba kazi ya lugha humalizika neno likisikika.

Historia ya filamu za Kiswahili baada ya Vugiri yaweza kusomwa kuwa ni historia ya neno hilo likibadilisha mwenyewe. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Serikali ya Tanganyika pamoja na kampuni moja ya Afrika ya Kusini walitengeneza filamu za Kiswahili, zikiwamo Muhogo Mchungu na Chalo Amerudi. Humo aliigiza Rashidi Kawawa, kijana wa Idara ya Maendeleo. Mwaka 1955 Kawawa alikuwa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanya kazi, na mwaka 1962 alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika huru. Aliyewekwa mbele ya kamera kusema maneno ya serikali akawa mwenye kusema kwa ajili ya serikali iliyo yake. Mwaka 1968 iliundwa kampuni ya filamu ya taifa. Na mwaka 2021 Amil Shivji aliitoa filamu ya Vuta N'kuvute kutokana na riwaya ya Adam Shafi, ambapo hadithi, wahusika na maneno yao vilizaliwa ndani ya Kiswahili chenyewe kabla ya kamera kuwashwa. Njia hiyo ni kinyume cha ile ya Vugiri, iliyoanza na picha na kuitafutia maneno.

Kwa wachunguzi wa lugha, mambo haya yaacha kazi ambayo haijatimizwa. Tumezoea kuihesabu historia ya Kiswahili cha karne iliyopita kwa kamusi, sarufi na vitabu vya shule. Pembeni mwake kilikuwako Kiswahili kilichosemwa gizani kutoka katika santuri, na Kiswahili cha barazani kilichoijibu serikali, na lugha kama Chasu zilizohifadhi maana ambazo Kiswahili hakikuwa nazo. Neno mbiru latufundisha kwamba maana ya neno haimilikiwi na yule aliyelitia katika waraka. Waliolichukua ofisini walidhani wamelipata. Ni watu walioteremka kwenda Same waliosema mwisho wake.